Sindano

Nyanzala hutunga uzi kabla ya kwenda shule.
Sindano kumi, kila siku kumi,
huzichomeka kwenye kimto cha pamba juu ya cherehani,
za uzi mweusi kushoto, mweupe kulia,
kisha husema, "Mjomba, za leo hizo,"
na kukimbia na viatu vinavyomzidi.
Ana miaka tisa. Hajawahi kuniuliza
fundi gani wa suti hawezi kutunga uzi.

Mikono inatetemeka kwa dawa, si kwa ugonjwa.
Ugonjwa haukuwa na mtetemo. Ulikuja umetulia,
ukakaa nami barazani hapa Isevya
msimu ule wa tumbaku, hela zilipokuwa nje nje
na suti ya bwana harusi iko mezani, imebaki vifungo.
Cherehani ikaanza kuniita. Mihayo, Mihayo, kila mshono.
(Bibi ndiye aliyenipa jina; kwa Kinyamwezi ni maneno.
Hakusema ya nani.)
Usiku mmoja nikaifumua suti yote, bitana kwanza,
nikitafuta walichokishonea humo ndani.
Kulipokucha ilikuwa vipande, vimepangwa vizuri sana,
na bwana harusi akaoa na koti la kuazima.

Tangu hapo wananiletea zipu.
Zipu, mifuko iliyotoboka, sketi za shule za kupunguza.
Anayeleta hakai. Anaweka, anasema "nitapita,"
na akimtuma mtoto, mtoto husimama ng'ambo ya mtaro.
Mke wangu alivumilia masika mawili. Yuko Urambo.
Simlaumu; hata mimi ningeweza, ningejihama.

Alhamisi ya kwanza ya mwezi naenda Kitete
kuchomwa ile sindano nyingine, isiyo na uzi.
Ikiwepo, nalala. Nalala mpaka chai inaota utando,
naamka ulimi mkavu kama kipande cha jinzi,
na suruali zangu nimeshaziachia kiunoni mara tatu.
Isipokuwepo, wanasema nikanunue duka la dawa.
Nimepiga hesabu: zipu ishirini na mbili.

Mara ya mwisho muuguzi alikuwa na fomu.
"Kwa jumla, maisha yako, ukiyapa alama,
moja mpaka kumi?"
Nikafikiri. Nikamuuliza, saa ngapi?
Maana asubuhi ni kumi. Saa saba mchana huwa tatu.
Ikibaki moja siitumii,
naiacha tu iwepo.
Akaandika tano.

Usiku treni ya Kigoma ikipiga honi stesheni
namgongea dada ukuta. "Kalunde, umesikia?"
"Nimesikia."
Basi ni treni.
Siku nyingine hunyamaza kwanza, kidogo tu,
halafu husema, "Lala, Mihayo,"
nami najua ile haikuwa na mabehewa.
Miaka sita anaamshwa hivyo, na alfajiri
anakwenda kulima matuta ya watu.
Fomu yake hakuna aliyeijaza.

Leo Jumamosi, Nyanzala analala mpaka jua lipande.
Nimejaribu mwenyewe. Nimelowesha uzi, nimefumba jicho moja,
mara kumi na sita, na kuna anayehesabu pamoja nami
kwa sauti ya mwalimu wangu wa darasa la tatu.
Nimeacha. Sindano ziko kwenye kimto, matundu wazi,
zinanisengenya.
Natania. Ni sindano.
Sketi ya mtu inasubiri pindo. Maji ya chai yamechemka.
Sitamwamsha.